Maji Matatu ya Kitabuni na Mtaro wa Mtaani Kwetu

Kwa jina la Allah, Mwingi wa rehema, Mwenye kurehemu.



Sifa zote njema anastahiki Allah (S.W.), na rehema na amani zimfikie Mtume wetu Muhammad (S.A.W.), aali zake na maswahaba zake. Ama baada ya hayo, mada niliyoichagua kwa jarida letu la mwaka huu huenda baadhi yenu mkaona haifai kuwekwa kwenye kurasa za madrasa. Nataka tuzungumzie majitaka: choo, karo, mtaro na kisima. Anayeona haya na avumilie kidogo, kisha ajiulize kwa nini vitabu vyetu vya fiqhi vinaanza na mlango wa twahara, na kwa nini mlango huo unafunguliwa kwa habari za maji.

TUNAYOYASOMA DARASANI

Kila mwanafunzi aliyekwisha pita darasa la pili anaweza kuzitaja aina za maji bila kigugumizi. Tukiyaacha yale ya makruhu, kwa muhtasari zinabaki tatu. Kwanza ni maji mutlaki, ambayo ni twahara na yanatwaharisha, kama ya mvua, ya kisima, ya mto na ya bahari. Pili ni maji ambayo yenyewe ni twahara lakini hayatwaharishi, kama yaliyokwisha tumika kutawadhia, au yaliyobadilika kwa kuchanganyika na kitu twahara mfano wa sabuni. Tatu ni maji yaliyonajisika. Kadhalika mwanafunzi anaijua hukumu ya kulla mbili kwa madhehebu yetu ya Shafii: maji yasiyofika kiasi hicho yananajisika kwa kuingiwa na najisi tu, na yaliyofika hayanajisiki mpaka ibadilike rangi yake, ladha yake au harufu yake.

Naam. Sasa tufunge daftari, tutoke nje wakati wa masika, tusimame ukingoni mwa mtaro. Huko nako kuna maji matatu. Kuna maji ya mvua yanayoteremka kutoka mapaani na barabarani. Kuna maji ya kuoshea vyombo, ya kufulia na ya kuogea. Na kuna majitaka ya chooni. Ukiyapanga vizuri utaona yanafanana sana na yale ya kitabuni: la kwanza ni rehema iliyoshuka, la pili limekwisha kazi lakini si najisi (isipokuwa yale ya kufulia nepi na nguo zilizoingiwa na najisi, hayo yamwagwe chooni), na la tatu ni najisi isiyo na shaka.

Kila moja lina njia yake. Maji ya mvua njia yake ni mtaro mpaka mtoni na baharini. Maji ya kuoshea njia yake ni shamba la migomba au shimo la mawe linaloyanywesha ardhini taratibu. Majitaka ya chooni njia yake ni shimo la choo au karo, kisha gari la kunyonya, kisha mabwawa ya kusafishia.

Hoja yangu kwenu ni moja tu. Maji haya matatu tumeyatenganisha daftarini, na mtaani tumeyachanganya ndani ya mtaro mmoja. Maadamu hali ni hiyo, somo letu la twahara bado tumelisoma nusu.

NENO "KUTAPISHA"

Mkazi wa Dar es Salaam haelezwi maana ya kutapisha choo. Ila kwa faida ya wasomaji wa mbali: mvua zikikaza, hasa nyakati za usiku, mwenye choo kilichojaa anatoboa tundu ubavuni mwa shimo, au anazibua bomba alilolitega tangu siku ya kujenga. Majitaka yanatoka na kuchukuliwa na mkondo wa mvua. Kunapokucha choo chake ni kitupu, na pesa ya gari imebaki mfukoni. Lakini yale majitaka hayakupotea. Yako uani kwa jirani anayekaa bondeni, yako kisimani kwake, yako juu ya ngazi ya mlango wake. Na yako njiani, mahali ambapo mtoto wa miaka saba anapita jioni kuja madrasa, kandambili miguuni na juzuu mkononi. Miguu ile inaingia msikitini.

Mtume (S.A.W.) alikataza mtu kukojoa kwenye maji yaliyotuama. Alituonya pia tusijisaidie njiani, kwenye vivuli wanavyopumzikia watu na kwenye vyanzo vya maji, kwa kuwa hayo yanamletea mtu laana za wenzake. Akatufundisha kwamba kuondoa chenye kuudhi njiani ni sehemu ya imani. Basi ikiwa kitendo cha mtu mmoja njiani kimeonywa hivyo, vipi mtu anayefungulia shimo zima la miezi kumi na nane likapita milangoni mwa watu?

Nakubali kwamba wengi wanaofanya hivi si watu waovu. Wana hoja zao, na nimezisikia mara nyingi. Ni haki tuzisikilize, kisha tuzijibu moja baada ya nyingine.

HOJA YA KWANZA: "MAJI YA MAFURIKO NI MENGI"

Anayesema hivi hutumia kulla mbili kama ngao. Baadhi ya wanazuoni wa zama hizi wanazikadiria kuwa takriban lita 216, na mafuriko ya masika yana lita zisizohesabika, hivyo anaona najisi yake imemezwa.

Jibu la kwanza analo puani mwake. Maji ya mtaro uliotapishiwa vyoo yananuka na rangi yake imebadilika, kwa hiyo hata kwa hukumu hiyo hiyo anayoitegemea yamenajisika.

Jibu la pili ndilo zito zaidi. Hukumu ya twahara inajibu swali la ibada: je, maji haya yanafaa kutawadhia? Haikuwekwa kujibu swali la tabibu: je, mtoto wangu akiyanywa atapona? Swali hilo lina mlango wake katika fiqhi, nao ni ile kanuni kubwa inayokataza mtu kujidhuru na kumdhuru mwenzake. Maji yanaweza kuwa meupe, hayana harufu, ladha yake ni tamu, na ndani yake mna mauti.

Tukio lililofundisha ulimwengu jambo hili lilitokea London mwaka 1854. Katika mtaa wa Broad Street palikuwa na kisima cha pampu ambacho maji yake yalisifiwa na watu. Mama mmoja aliyekuwa amehamia mbali na mtaa huo aliyapenda mno hata akawa anaagiza aletewe nyumbani. Mwishoni mwa Agosti mwaka huo kipindupindu kiliingia mtaani hapo na kuua watu zaidi ya 600 katika muda mfupi. Yule mama naye alikufa. Daktari John Snow alipita nyumba kwa nyumba akiuliza wafiwa walikunywa maji ya wapi, na hesabu yake ikaelekea kwenye pampu ile. Tarehe 8 Septemba mpini wa pampu ukaondolewa. Baadaye padri wa mtaa, Henry Whitehead, aliyewajua wakazi kwa kuwatembelea, akagundua chanzo. Katika nyumba iliyokuwa jirani kabisa na kisima, mtoto mchanga aliugua kuharisha, na mama yake alimwaga maji ya kufulia nepi kwenye shimo la majitaka lililo hatua moja tu kutoka kisimani. Kuta za shimo zilikuwa zimeoza, zikavuja.

Angalieni hapo, ndugu zangu. Ni nepi za mtoto mmoja na shimo moja bovu, na maji ambayo wengi hawakuona rangi yake, ladha yake wala harufu yake kubadilika. Sisi tunafungulia mashimo mangapi kwa usiku mmoja?

Na mwambao wetu umekwisha lipa gharama hii. Kipindupindu cha mwaka 1869 hadi 1870 kiliua maelfu ya watu Unguja, na daktari James Christie aliyekuwa akiishi huko aliandika kitabu juu yake kilichochapishwa mwaka 1876. Baada ya hapo Sultani Barghash bin Said, aliyetawala kuanzia 1870 hadi 1888, akaleta maji safi mjini kwa mfereji kutoka chemchemi za nje ya mji. Tukija karibu zaidi, mwezi Agosti 2015 kipindupindu kilianza Dar es Salaam, kikavuka hadi Zanzibar na kuenea mikoa mingi ya Bara. Hadi kilipotulia, waliougua nchini walikuwa zaidi ya 20,000 na waliokufa ni mamia. Wengi wenu mnaosoma madarasa ya juu mlikuwa mmezaliwa. Mnakumbuka chai na juisi zikikatazwa kuuzwa barabarani.

Tusidhani kipindupindu ndicho adui peke yake. Homa ya matumbo inapita njia hiyo hiyo. Minyoo ya safura inaingia kwa nyayo za mtoto anayekanyaga ardhi yenye kinyesi. Na majitaka yaliyotuama ni nyumba ya mbu wa matende. Huko Makunduchi, kusini mwa Unguja, mwishoni mwa miaka ya 1980 wataalamu na wakazi walimwaga chembe nyepesi za polistirini kwenye vyoo vya shimo vyenye maji (ni ile ile nyeupe inayokingia televisheni ndani ya boksi). Chembe zikaelea juu na kufunika maji, mbu wakakosa pa kuzalia, na pamoja na dawa walizomeza wananchi, matende yakapungua sana. Kumbe shimo la choo likisimamiwa vizuri linaokoa kijiji kizima.

HOJA YA PILI: "GARI LA MAJITAKA NI GHALI"

Hoja hii siidharau hata kidogo. Sensa ya mwaka 2022 ilihesabu watu 5,383,728 katika Mkoa wa Dar es Salaam, na ni sehemu ndogo tu ya nyumba zao iliyounganishwa na mabomba ya majitaka. Wengine wote ni watu wa shimo na karo. Katika mitaa isiyopimwa gari halifiki, kwa sababu uchochoro hauruhusu hata mkokoteni. Hapo huitwa wale ndugu wanaojulikana kwa jina la "vyura", wanaoingia shimoni usiku kwa ndoo na koleo, mara nyingi bila glovu wala viatu vya mpira. Kazi yao ni ngumu na ya hatari, na tunawadharau ilhali wanabeba tulichokizalisha sisi. Basi tusiruhusu mtu aingie shimoni kwetu bila kinga, na tujue anakwenda kukimwaga wapi. Ipo pia pampu ya mkono iitwayo Gulper, ambayo imekwisha tumika hapa Dar es Salaam. Mtu anasimama juu, anavuta tope la choo na kulijaza kwenye mapipa, bila ya kuingia shimoni, na pikipiki ya matairi matatu inayabeba.

Ama kuhusu pesa, tufanye hesabu kidogo. Tuseme, kwa mfano tu, kunyonya choo kunagharimu shilingi 100,000 na nyumba ina familia tano. Kila familia inatakiwa kutoa 20,000. Ikiwa choo kinajaa baada ya miezi ishirini, ni shilingi 1,000 kwa mwezi. Akina mama zetu wanacheza upatu wa vyombo na wa harusi, na hakuna anayekimbia zamu yake. Upatu wa choo utashindikanaje? Tatizo ni kwamba tunakumbuka choo siku kinapofurika, na siku hiyo hakuna mwenye laki moja.

Ipo njia nyingine ya kupunguza gharama, nayo inaturudisha kwenye maji matatu. Nyumba nyingi zinapeleka maji ya kuogea na kufulia ndani ya shimo lile lile la choo. Shimo ambalo lingekaa miaka linajaa kwa miezi. Zamani maji yalitoka kisimani kwa ndoo na yakatumika kwa hesabu. Leo bomba limeingia uani na kisima kirefu kina mota, na maji yanayoingia nyumbani ni lazima yatoke. Wazee wetu wa mwambao walilielewa hili. Katika magofu ya Gedi, karibu na Malindi, vyoo vya ndani ya nyumba vinaonekana hadi leo, na misikiti yake ina visima na mabirika ya kutawadhia. Katika mji mkongwe wa Lamu, maji ya kuoshea yalikuwa na mifereji yake kwenye vichochoro, na kinyesi kilibaki kwenye shimo lake. Hata ndani ya birika la maji waliweka samaki wadogo wale viluwiluwi vya mbu. Hawakuwa na mashine, ila kila maji waliyapa njia yake.

Nasi tunaweza. Shimo la kunywesha maji ya kuoshea halihitaji fundi mkubwa. Linachimbwa mahali ardhi inapofyonza vizuri, mbali na kisima na msingi wa nyumba, linajazwa mawe na kokoto, na maji yanaingia baada ya kupita kwenye chujio la kuzuia mabaki ya chakula. Penye migomba, maji ya kuogea yakaelekezwe huko. Tahadhari moja: bondeni, ambako ukichimba futi chache unakuta maji, shimo halitafyonza. Huko ni lazima mtaa ukae pamoja na bwana afya kutafuta njia nyingine, na vyoo vyake vijengwe juu ya tuta.

Hapa nawageukia na viongozi wa misikiti. Mtume (S.A.W.) alikuwa akitawadha kwa mudi moja ya maji, ambayo ni kama robo tatu ya lita. Msikiti wenye waumini 200 kwa kila sala, sala tano, ni udhu 1,000 kwa siku. Kwa mudi moja moja ni lita 750. Lakini mtu akiacha bomba wazi na kutumia lita tano, ni lita 5,000 kila siku. Zile lita 4,250 za ziada zinakwenda wapi? Zinaingia karoni, karo linafurika, na harufu inawakuta waumini ndani ya swafu. Maji ya udhu ni twahara, hayana sababu ya kuzikwa pamoja na najisi. Yajengewe mfereji wake yakanyweshe miti ya uwanja wa msikiti. Sunna ya kutofanya israfu, tukiishika, inaokoa na karo pia.

HOJA YA TATU: "HII NI KAZI YA SERIKALI"

Ni kweli kwamba serikali ina sehemu yake, na si ndogo. Mtaro mkuu, bomba kuu na mabwawa ya kusafishia hayawezi kujengwa kwa mchango wa uchochoro mmoja. Pale Vingunguti yapo mabwawa ya aina hiyo ambayo magari hupeleka majitaka. Kazi yake ni rahisi kuielewa. Majitaka yanapita bwawa baada ya bwawa kwa siku kadhaa. Katika bwawa la kwanza lenye kina, uchafu mzito na mayai ya minyoo huzama, na bakteria huanza kuula. Katika yanayofuata, mwani na bakteria husaidiana. Katika la mwisho lisilo na kina, jua huua vijidudu vingi vilivyobaki. Allah ameweka dawa katika jua na muda. Linalotakiwa kwetu ni kuyafikisha majitaka huko badala ya kuyaachia njiani.

Lakini je, tukae tu tukingoja? Tujifunze kwa ndugu zetu wa Orangi, kitongoji kikubwa cha watu wa kipato cha chini katika mji wa Karachi, Pakistan. Nao walikuwa na majitaka yakitiririka kwenye vichochoro, na walisema kama tunavyosema sisi, kwamba serikali italeta mabomba. Mwaka 1980 mzee mmoja, Akhtar Hameed Khan, alianza kukaa nao na kuzungumza. Walikubaliana kugawana kazi. Kila nyumba ijenge choo chake. Kila uchochoro wa nyumba ishirini hadi arobaini uchague msimamizi wake, ukusanye mchango na kulaza bomba lake. Serikali ijenge bomba kuu na mahali pa kusafishia. Mafundi vijana walipima ardhi, wakarahisisha michoro, na kwa kuwa hapakuwa na kontrakta wa kutaka faida, gharama ikashuka mpaka watu wa kawaida wakaimudu. Makumi ya maelfu ya nyumba ziliunganishwa kwa namna hii. Mmoja wa walioiendeleza kazi hiyo kwa miaka mingi, msanifu majengo Perween Rahman, aliuawa kwa kupigwa risasi mwezi Machi 2013, Allah amrehemu.

Tuseme na upungufu wake, ili tusidanganyane. Mahali ambapo sehemu ya serikali ilichelewa, mabomba ya wananchi yaliishia kwenye mikondo ya asili bila kusafishwa. Kwa hiyo upande mmoja ukitimiza na mwingine ukalala, najisi inahama mtaa tu. Hata hivyo aliyekwisha timiza sehemu yake ana ulimi wa kudai. Anayetapisha choo usiku atamwambia nini diwani asubuhi? Na tusidhani haya ni ya Pakistan pekee. Hapa hapa Vingunguti zipo nyumba za mtaa usiopimwa zilizounganishwa kwa mabomba madogo ya gharama nafuu hadi kwenye mabwawa, kwa wananchi kujipanga pamoja na wataalamu.

MTARO NI AMANA

Mwezi Disemba 2011 Dar es Salaam ilipata mvua kubwa kuliko watu wengi walivyowahi kuiona. Zaidi ya watu 40 walikufa, na familia nyingi za bonde la Msimbazi zikahamishiwa Mabwepande. Mvua ni qadari ya Allah. Lakini mtaro uliozibwa kwa taka ni kazi ya mikono yetu. Mifuko ya plastiki ya kubebea bidhaa ilipigwa marufuku Tanzania Bara tarehe 1 Juni 2019, na bado ukichungulia kwenye kalavati utakuta chupa za maji, nepi za kutupa, viatu vibovu na vifuu. Mtaro ulioziba haupitishi mvua, na mtaro wenye majitaka haukaribiwi na mtu wa kuuzibua. Mambo hayo mawili yanalishana: kwa sababu unanuka hatuusafishi, na kwa sababu hatuusafishi unazidi kunuka. Anayetaka vijana wa mtaa waingie mtaroni na majembe kabla ya masika, kwanza awahakikishie kwamba ndani yake hamna choo cha mtu.

TUFANYE NINI?

Kwa wanafunzi: kila mmoja wenu leo akirudi nyumbani aulize maswali matatu. Maji ya mvua ya nyumba yetu yanakwenda wapi? Maji ya kuoshea yanakwenda wapi? Majitaka ya choo yanakwenda wapi? Ukipata jibu moja kwa maswali yote matatu, ujue kuna jambo la kurekebisha. Ulizeni kwa adabu, kwa kuwa mzazi hasutwi. Na mvua ikinyesha msicheze kwenye maji ya mtaro, hata mpira ukiingia. Nawieni mikono kwa sabuni mtokapo chooni, na msiingie msikitini na nyayo zilizopita kwenye maji hayo kabla ya kuziosha kwa maji safi.

Kwa wazazi: aliye na kisima apime hatua kutoka kisimani hadi kwenye choo chake na cha jirani. Ushauri uliozoeleka wa wataalamu ni kuwa pasipungue mita 30. Pakipungua, na katika viwanja vyetu vidogo mara nyingi patapungua, maji hayo yawe ya kufulia, na ya kunywa yachemshwe au yatiwe dawa ya klorini. Na kabla ya masika na vuli, fungueni mfuniko mwangalie choo kimefika wapi. Kinyonywe wakati wa kiangazi, kabla kishawishi cha usiku wa mvua hakijaja.

Kwa kamati za misikiti na serikali za mitaa: tukae pamoja baada ya sala moja ya Ijumaa tuandike makubaliano ya mtaa. Asiwepo wa kutapisha. Mwenye bomba la siri aliondoe. Asiye na uwezo asifichwe aibu yake mpaka imlazimishe kudhuru watu, asaidiwe kwa mfuko wa mtaa, kama tunavyochangiana sanda na harusi. Hapo itakuwa halali kumkemea anayevunja, kwa kuwa hatakuwa na udhuru.

Wanafunzi wetu, mtu anaweza kuihifadhi milango yote ya twahara, akatawadha vizuri, akavaa kanzu iliyopigwa pasi, kisha akasimama mbele ya Mola wake huku choo chake kikitiririka kwenye uwanja wa jirani. Mtume (S.A.W.) ametufundisha kwamba hajaamini kweli kweli mtu ambaye jirani yake hasalimiki na shari yake. Jirani wa bondeni anayeamka usiku wa mvua kuinua godoro la watoto ana haki juu yetu sisi wa mlimani. Siku ya hesabu hatutaulizwa tu iwapo tulizijua aina za maji. Tutaulizwa pia tuliyapitisha wapi.

Allah atupe elimu yenye manufaa na atujaalie tuitende, azitwaharishe nyoyo zetu na mitaa yetu. Amin.

Wabillahi tawfiq.